UZI: Mwanajeshi mstaafu ni faili lake. Nyaraka, mirathi, mgambo na mguu wa bandia (Mbeya, Iringa, Njombe)

Kitonga_Kona
Wakuu, wazee wetu shikamooni.

Kuna kisa cha mwaka 1964 kinachosimuliwa sana na wanaofuatilia mambo ya jeshi. Bunge la Ujerumani Magharibi lilikubali kuwalipa askari Waafrika waliopigana chini ya von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani huku kwetu, katika vita ya kwanza ya dunia. Wazee wakakusanyika Mwanza, mamia, na wachache tu ndio waliokuwa na vyeti. Wengine walikuja na vipande vya magwanda. Mtu wa benki akachukua ufagio, akampa kila mzee kwa zamu na kumwamuru kwa Kijerumani apige gwaride la silaha. Inasemekana hakuna hata mmoja aliyekosea, na wakalipwa.

Leo hakuna ofisi itakayokupa ufagio. Ukikosa karatasi, hukutumikia. Huu uzi ni wa karatasi basi, na mwenye ujuzi wa jambo jingine aongeze chini.

Mstaafu wa JWTZ anatakiwa awe na vitu hivi sehemu moja: hati ya kumaliza utumishi, barua ya tuzo ya pensheni (ile yenye hesabu ya kiinua mgongo na malipo ya mwezi), kitambulisho cha mstaafu, kitambulisho cha NIDA, kadi ya benki pamoja na taarifa ya akaunti ya miezi ya karibuni, na cheti cha ndoa. Namba ya jeshi ndiyo ufunguo wa yote. Kwa askari huanza na MT, kwa afisa ni P. Iandike kwenye karatasi tano tofauti, mfundishe mke, mfundishe na mtoto mkubwa. Faili linaweza kupotezwa na ofisi tatu, lakini mwenye MT namba bado ana pa kuanzia. Asiye nayo anaanza kutafutwa kwa jina, na hapo ndipo tunapoumia watu wa huku.

Majina. Karani aliyemwandikisha kijana wa Rungwe zamani alikuwa mtu wa Pwani au wa Ziwa. Ameambiwa Ambakisye, ameandika Ambakise. Benki wakaja kuandika Ambakisie. Mkinga anaitwa Kyando, jeshini akaingia Chando. NIDA wameandika lile la ubatizo kwanza, jeshi liliandika la ukoo kwanza. Siku ya uhakiki wa wastaafu wa Hazina, ambayo ndiyo mlipaji wa pensheni, mashine haijui kwamba ni mzee mmoja.

Dawa yake ni kiapo cha majina mbele ya wakili au hakimu. Kosa la kila siku ni kwamba kiapo kinataja majina mawili wakati nyaraka zina matatu. Kabla hujaenda kwa wakili, tandaza karatasi zote mezani, nakili kila jina herufi kwa herufi kama lilivyo, na pembeni andika limetoka kwenye waraka gani. Kiapo kiseme hivyo hivyo: "jina hili limo kwenye hati ya kumaliza utumishi, jina hili limo kwenye kadi ya benki." Kiapo kinachosema tu "majina yote ni yangu" hurudishwa, na nauli ya Makete hadi mjini umeshaila.

Utunzaji: mvua za Tukuyu na moshi wa jikoni vinakula wino. Usiweke hati darini, usiweke chini ya godoro. Bahasha ngumu ndani ya mfuko wa plastiki, ndani ya sanduku la bati, sanduku lisiguse ukuta. Usilamineti hati yenye muhuri wa zamani, maana joto la ile mashine hufifisha wino wa mihuri ya miaka ya sabini na themanini, na ofisa akitaka kugusa muhuri anagusa plastiki. Piga kopi nne, zithibitishwe. Hati halisi unaionyesha na kurudi nayo. Huiachi mezani kwa mtu.

Mnyalukolo_Gangilonga
Kamwene mkuu. Umeanza na Mjerumani, ngoja nimalizie kwa Mwingereza.

Keya (askari Waafrika wa jeshi la Mwingereza, King's African Rifles) walilipwa kwa rangi ya ngozi, na hilo liko kwenye maandishi ya serikali yao wenyewe, yaliyoanikwa na vyombo vya habari mwaka 2019. Kiinua mgongo cha vita ya pili: askari wa kawaida mzungu aliyeishi makoloni alipata shilingi 10 kwa kila mwezi aliotumikia, mweusi wa cheo hicho hicho shilingi 3 na nusu. Na walipigana bonde moja Burma, wakaugua malaria moja.

Mwaka 2018 Uingereza ilitangaza kiasi cha pauni milioni 12 kwa miaka mitano ili wapiganaji wa makoloni wenye dhiki na wajane wao wapate milo miwili kwa siku. Huyo mpokeaji alikuwa na umri gani wakati huo? Fanyeni hesabu, vita iliisha 1945.

Ukipita mjini Iringa angalia makaburi ya vita. Yamefyekwa, mawe yamenyooka, Waingereza na Wajerumani wamelala jirani. Tume inayoyatunza ilikiri mwaka 2021 kwamba wafu kati ya 45,000 na 54,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na India, hawakuenziwa sawa na wengine, na kwamba 116,000 au zaidi, pengine hadi 350,000, hawakuandikwa jina kabisa. Wapagazi wengi wamo humo. Northey, jenerali wa Mwingereza, alipoingia na jeshi lake kutoka Nyasaland mwaka 1916, akachukua Tukuyu na kufika Iringa Agosti, mizigo ilibebwa na vichwa vya watu. Vichwa hivyo havina jiwe.

Tukuyu_Mvua
Asanteni wakuu. Na mgambo wa 1978 je? Huku vijijini wapo wazee walienda Kagera, hawana MT wala P. Kila mwaka tarehe 25 Julai, siku ya Mashujaa, wanasikiliza redio tu.

Uyole_Darasani
Ugonile Tukuyu_Mvua. Swali lako ni gumu kuliko yote ya uzi huu.

Amin aliingia Kagera Oktoba 1978, Kampala ikaanguka Aprili 11, 1979. Katika wiki chache jeshi lilipanuliwa kutoka chini ya watu 40,000 hadi zaidi ya 150,000, na karibu 40,000 kati yao walikuwa mgambo. Jeshi likikua kwa kasi hiyo, makaratasi hayalifuati mbio. Mtu alitoka kijijini kwa orodha ya katibu, akapewa bunduki, akarudi kijijini. Hakuwa na ajira ya kudumu, hivyo hana faili la pensheni. Kumpeleka Hazina Ndogo (ofisi ya Hazina ya mkoani) kuulizia pensheni ni kumchosha mzee bure.

Aliyeandikishwa jeshini moja kwa moja baada ya vita ni habari nyingine. Huyo atakuwa na MT, na afuate njia ya mkuu wa juu.

Kwa mgambo halisi, mlango ni ofisi ya Mshauri wa Mgambo wa Wilaya. Yule ni mwanajeshi, anajua nani wa kuuliza. Nenda na barua ya mtendaji wa kijiji, na maelezo ya mzee yaliyoandikwa yakiwa na mambo ya kupimika: alikusanywa wapi, alifunzwa kambi gani, kikosi au kombania, jina la kamanda, alivukia wapi, alirudishwa lini. "Nilipigana na Amin" haimsaidii ofisa kitu. "Nilikuwa kombania fulani, tulipita Masaka, kamanda alikuwa fulani" inamsaidia. Ongeza ushuhuda wa wenzake wawili waliokuwa naye, kila mmoja aandike yake peke yake, wasikae meza moja. Maelezo yanayofanana neno kwa neno yananuka kupangwa.

Usimwahidi mzee fedha. Unachotafuta ni jina lake liwepo kwenye orodha, aalikwe siku ya Mashujaa, na akifa anayesoma wasifu asiwe anabahatisha. Kama kaya yake ni masikini, TASAF, mfuko wa kusaidia kaya masikini, inapima kaya, haipimi utumishi. Apeleke suala lake kwenye mkutano wa kijiji kama mwananchi mwingine.

Mzee_wa_Soweto_Mbeya
Nchi hii haijali waliopigana. Marekani mwanajeshi akistaafu anaheshimiwa kama mfalme, kila kitu kipo kwenye kompyuta.

Uyole_Darasani
Kaka, heshima ipo, lakini hilo la kompyuta lisikudanganye. Tarehe 12 Julai 1973 jengo la kumbukumbu za wanajeshi lililoko St. Louis liliungua. Mafaili kati ya milioni 16 na 18 yaliteketea, mengi ya jeshi la nchi kavu la waliotoka kazini kati ya 1912 na 1960. Hayakuwa na nakala. Wazee wao wa vita vikuu viwili wakaambiwa vile vile: hatukuoni.

Walichofanya baadaye ndicho cha kuiga. Walijenga upya faili la mtu kwa karatasi za pembeni: hati za mshahara wa mwisho, madaftari ya hospitali, orodha za kila asubuhi za vikosi. Kila kikosi kilikuwa kimeandika asubuhi nani yupo, nani mgonjwa, nani amehamishwa. Ukikusanya vipande hivyo mtu anaonekana tena.

Kwa mzee wa hapa karatasi za pembeni ni zipi? Barua aliyoandikia nyumbani ikiwa na anuani ya kikosi. Picha yenye maandishi nyuma. Kadi ya kliniki ya kambi. Kitabu cha ubatizo cha parokia kinachoonyesha mtoto alibatizwa wakati baba ana kazi "askari". Nishani, kama anayo, isiuzwe kwa watalii. Ipigwe picha mbele na nyuma.

Fomu_Namba_Tano
Naingia kwenye mirathi, maana wajane ndio wanaoteseka kuliko wazee wenyewe.

Mstaafu akifariki, kifo kisajiliwe ndani ya siku 30. Kibali cha mazishi peke yake si cheti cha kifo, na watu wengi wa vijijini wanazika, wanakunja kile kibali, basi. Miaka miwili baadaye mjane anahitaji cheti, na usajili wa kuchelewa una safari zake. Wakati huo huo toa taarifa benki na kwa mlipaji. Kadi ikiendelea kuchomoa pensheni baada ya mazishi, hizo fedha zitadaiwa, na zinadaiwa kwa mjane hata kama aliyechomoa ni shemeji.

Kisha kikao cha ukoo. Muhtasari uwe na tarehe, mahali, majina na saini za waliohudhuria, jina la anayependekezwa kusimamia, orodha ya warithi WOTE. Nimeandika kwa herufi kubwa kwa sababu watoto wa kike walioolewa huachwa, na mke wa pili wa kambini anaachwa. Yule wa kambini atakuja na cheti cha ndoa siku ya mwisho, na pingamizi lake litasimamisha kila kitu. Bora aitwe kikaoni watu wakununiane hapo hapo.

Mahakama ya mwanzo ya mahali marehemu alipokuwa na makazi ya kudumu: Fomu Na. 1 ya maombi, ikiambatana na cheti cha kifo na muhtasari. Mahakama itatoa tangazo, Fomu Na. 2. Pasipo pingamizi msimamizi anapewa Fomu Na. 4. Hiyo ndiyo inayotembea na msimamizi benki na Hazina.

Sehemu inayosahaulika ni Fomu Na. 5, yaani orodha ya mali na madeni, ndani ya miezi minne tangu uteuzi. Halafu Fomu Na. 6, hesabu ya nani kapata nini. Msimamizi anayepokea mafao na kunyamaza ameshavunja wajibu wake, na mrithi yeyote anaweza kwenda pale pale mahakamani kuomba aitwe kutoa hesabu, au aondolewe. Msimamizi si mrithi mkuu. Ni mtumwa wa ile orodha.

Angalizo: mahakama ya mwanzo inashughulika na mirathi inayofuata mila au sheria ya Kiislamu. Familia iliyoishi kabisa nje ya mila iulize kwanza kwa karani isije ikaambiwa katikati ya safari kwamba imekosea mlango.

Tukuyu_Mvua
Na jina la marehemu likitofautiana kwenye cheti cha kifo na hati ya jeshi?

Fomu_Namba_Tano
Usajili wa kifo ufuate jina la kwenye hati ya jeshi na benki, siyo jina la mtaani. Aliyekwenda kusajili awe ameshika hati mkononi. Likishaandikwa vibaya, marehemu hawezi kula kiapo. Ataapa msimamizi, na kiapo cha mtu wa pili kina maswali mengi zaidi.

Fundi_Viungo
Habari za kazi wakuu. Mmeongea karatasi, na mimi niongee mguu.

Waliokatwa mguu jeshini au kwa ajali baada ya kustaafu wanapewa mguu wa bandia, kisha hakuna anayewaambia jinsi ya kuishi nao kwenye milima hii. Mguu wa plastiki ya polipropilini ndio wa kawaida. Unavumilia maji kuliko wa mbao na ngozi. Kinachokufa kwanza ni unyayo wa mpira. Kwenye udongo mwekundu wa Rungwe wenye kokoto unapasuka kwenye vidole au kisigino. Ukisikia mlio wa "kwach" kila hatua, au kiatu kinaisha upande mmoja, usisubiri ukatike uko shambani. Unyayo hubadilishwa peke yake, huhitaji mguu mpya.

Kigutu, yaani sehemu ya mguu iliyobaki baada ya kukatwa, hupungua, hasa mwaka wa kwanza, hata asubuhi na jioni si sawa. Ndiyo maana kuna soksi za kigutu za nyuzi 1, 3 na 5 (namba ikikua, soksi ni nene zaidi). Asubuhi vaa ya 3. Mchana ukisikia unazama ndani ya soketi (kile kikombe cha mguu wa bandia kinachoingia kigutu) na mfupa wa mbele unagonga, ongeza ya 1 au 3. Ukijikuta umefika nyuzi 10 hadi 15, soketi si yako tena, ipimwe upya. Watu wanajaza matambara. Matambara yana mikunjo, mkunjo unakata ngozi, na mwenye kisukari hasikii mpaka kidonda kimefika mbali.

Kila jioni vua, tazama kigutu kwa kioo. Wekundu uishe ndani ya dakika 10 hadi 20. Usipoisha, hapo pana mgandamizo na soketi ikwanguliwe na fundi.

Jambo la watu wa baridi: wazee wa Makete na Njombe wanaoga asubuhi kwa maji ya moto halafu wanavaa mguu hapo hapo. Ngozi iliyolowa na kuvimba kwa joto ikibanwa kwenye soketi inachubuka. Osheni kigutu usiku kwa sabuni ya kawaida, kikauke, ndipo mlale. Soketi ifutwe kwa kitambaa chenye maji ya sabuni, isianikwe jikoni karibu na moto, plastiki inapinda kidogo tu na haikufiti tena.

Na mama zetu, kwa upendo wote, msimwekee mzee mto chini ya goti. Goti likizoea kujikunja halinyooki tena, na mguu wa bandia hauvaliki. Aliyekatwa juu ya goti alale kifudifudi dakika 20 hadi 30, mara mbili kwa siku.

Mzee akilalamika vidole visivyokuwepo vinawasha, hajarogwa. Mishipa iliyokatwa bado inapeleka habari. Kumpapasa kigutu na kukifunga bandeji ya kuvutika vizuri kunasaidia. Yakizidi dawa zipo, daktari aandike.

Mnyalukolo_Gangilonga
Fundi, ubarikiwe. Hiyo ya mto nyumba nyingi wanaifanya wakidhani wanamtunza.

Hazina_Ndogo_Foleni
Tahadhari mbili za fedha, halafu moja ya vidole.

Mtu akipiga simu akitaja jina la mzee, MT namba na cheo, akasema kuna "nyongeza imekwama, tuma kidogo ya kusukuma faili", ni tapeli hata kama anajua cheo. Orodha zinavuja. Mlipaji halisi hakudai umtumie fedha ndipo akulipe. Kata simu, nenda ofisini kwa miguu yako.

Pili, kausha damu. Mkopeshaji anachukua kadi ya benki na namba ya siri kama dhamana. Tuchukue mfano: mkopo wa 500,000 kwa riba ya asilimia 20 kwa mwezi. Riba pekee ni 100,000. Pensheni ikiwa 150,000, mkopeshaji akichomoa yote, deni limepungua kwa 50,000 na mzee hana hata ya chumvi, kwa hiyo anakopa tena. Njia ya kutoka ni kwenda benki na kitambulisho, kusema kadi haipo mkononi mwako, ifungwe, upewe mpya. Deni linabaki na utalilipa, lakini utalilipa ukiwa umeshika kadi yako na maandishi ya mkopo. Akikataa kutoa maandishi, hilo nalo ni jibu.

Matibabu: mwenye miaka 60 na kuendelea asiye na uwezo anastahili kutibiwa bure, hilo liko kwenye sera ya wazee tangu 2003. Barua ya mtendaji, picha, halafu afisa ustawi wa jamii wa halmashauri ili apewe kitambulisho cha mzee. Usidhani kwamba kuwa mstaafu wa jeshi kunamzuia. Na kwa waliokuwa vikosi vya mizinga wasiosikia vizuri, kabla ya kuhukumu kwamba ni mabomu, masikio yaangaliwe nta kwanza. Sikio lililoharibiwa na mlipuko halirudi, ila nta hutoka siku hiyo hiyo.

Tukuyu_Mvua
Umesema vidole.

Hazina_Ndogo_Foleni
Ndiyo. Alama za vidole za mzee aliyeshika jembe miaka 30 zimesagika, na Juni na Julai huku ngozi inakauka na kupasuka, mashine inakataa. Siku tatu kabla ya uhakiki apake mafuta mikono usiku na asishike jembe. Asubuhi ya siku yenyewe anawe, asipake kitu, vidole viwe vikavu lakini vya moto. Aweke mikono kwapani akiwa kwenye foleni, ichukueni hiyo hivyo hivyo. Kidole gumba kikikataa aombe vingine, vyote kumi, kimoja kimoja, akibonyeza kwa upole maana ukikandamiza mistari inalala. Vikikataa vyote, asiondoke hivi hivi. Aombe ofisa aandike jina na namba yake kwenye orodha ya walioshindikana, na yeye aandike jina la ofisa, tarehe na saa.